Yule Alizeti Uliyemuulizia Getini

Bibi,

Shikamoo. Nimeandika shikamoo halafu nikakaa nasubiri marahaba, kama mjinga. Hii ni wiki ya saba tangu tukuzike pale nyuma ya nyumba, Ihumwa, na bado masikio yangu hayajakubali kwamba huitiki.

Mimi ni Alizeti. Naanza na jina kwa sababu siku ya mazishi yako halikutajwa, na nimekasirika, Bibi. Nimewakasirikia watu wengi. Wewe pia umo. Wa kwanza kabisa ni mimi mwenyewe, lakini hilo nitalifikia, acha kwanza nipate nguvu.

Unajua mimi siongei. Darasani mwalimu akiuliza swali ninalolijua natazama dawati. Kwa hiyo naandika. Leo ni Jumapili mchana, wenzangu wamelala bwenini, na mimi nimekaa nyuma ya maktaba na daftari la hesabu ambalo lina kurasa zilizobaki.

Ngoja nikueleze mazishi yako, maana ulikuwepo lakini hukusikia. Watu walikuja wengi. Turubai mbili hazikutosha, wengine walikaa kwenye kivuli cha ghala lako. Shangazi Grace akasimama kusoma wasifu wako. Alikuwa ameuchapa ofisini kwake, kurasa mbili, na picha yako ile ya kitambulisho ambayo hukuipenda. Alisoma vizuri. Alisoma ulivyozaliwa, ulivyobatizwa, ulivyolima. Kisha akafika pale ambapo kila mtu msibani ananyamaza ili ajisikie ametajwa: "Marehemu ameacha watoto wawili na wajukuu watano." Akatutaja. Emmanuel, Joyce, Baraka, Angel na Doreen.

Angel.

Mama Ndahani, jirani yako, ambaye unajua masikio yake yalivyo na sauti yake ilivyo, akauliza kana kwamba yuko shambani, "Angel ndo yupi tena? Alizeti wetu mmemweka wapi?"

Mtu akamgusa bega. "Mama, nyamaza, mchungaji anatazama."

"Atazame. Nimeuliza. Huyo mtoto amelelewa na marehemu tangu anatambaa, hatajwi?"

Shangazi hakuinua macho kwenye karatasi. Akaendelea na shukrani kwa kwaya. Na mimi nilikuwa nimekaa kwenye mkeka hatua tano tu kutoka kwa Mama Ndahani, Bibi. Ningeweza kusema, "Niko hapa." Maneno mawili. Nilivuta kanga nikafunika kichwa, watu wakadhani nalia. Nilikuwa nalia pia, lakini hasa nilikuwa najificha.

Kwa hiyo kwenye karatasi ile iliyogawiwa watu wote, ambayo wengine wameitunza kwenye Biblia zao, umekufa bila kuwa na mjukuu anayeitwa Alizeti. Hilo ndilo linalonichoma. Mtu anakuibia mjukuu mbele ya jeneza lako, kwa kipaza sauti, na watu wanajibu amina.

Mwaka jana mwalimu wetu wa Kiingereza alitupa insha: Maana ya Jina Langu. Tulipelekwa chumba cha kompyuta tutafute. Wenzangu wote walipata kurasa na kurasa, huyu jina lake ni la Kiebrania, huyu la Kiarabu, huyu ni malkia fulani. Mimi niliandika "alizeti" nikiwa nimekinga skrini kwa mkono. Ikaleta mafuta. Ikaleta mbegu bora, na namna ya kupambana na magugu, na mashine za kukamua. Hakuna mahali popote palipoandikwa kwamba ni jina la mtu. Kwa Kiingereza palikuwa na mambo ya ua, kwamba ni ishara ya uaminifu, kwamba linageuka kulifuata jua. Wewe hukuniambia habari za kulifuata jua hata siku moja. Wameokota wapi?

Basi nikafuta. Nikaandika insha ya Angel. Niliandika kwamba jina langu lina asili ya Kigiriki, kwamba maana yake ni mjumbe, kwamba bibi yangu aliona mwanga siku niliyozaliwa akasema huyu ataitwa Angel. Nilikutia mdomoni maneno ambayo hukuyasema, kwa lugha ambayo huijui. Nikapata alama za juu kuliko wote, insha ikabandikwa kwenye ubao wa matangazo karibu na bwalo. Na ilikaa pale, Bibi, miezi yote hii, kila mtu akienda kula ananisoma.

Maana ya kweli naijua. Nimeisikia kwako mara nyingi kuliko sala ya Baba Yetu, nikikusaidia kupeta, nikikushikia gunia. Mwaka niliozaliwa ulikuwa umepanda alizeti kwa mara ya kwanza, ekari moja, na majirani wakakucheka. "Mama Grace, mwaka huu utakula maua?" Mvua ikakata mwezi wa pili. Mahindi yakakauka yakiwa na urefu wa goti. Uwele uliotoa vichwa ukaliwa na kwelea kwelea. Ile ekari ya maua ikabaki imesimama peke yake. Mimi nikazaliwa kabla ya wakati, mdogo, ngozi inabambuka kama lile ganda jembamba la karanga, na Mama hana maziwa. Mafuta ya nyonyo ya kumpaka mtoto hayakuwepo kijiji kizima. Ukavuna vichwa viwili vitatu vilivyotangulia kukauka, ukapukuchua, ukatwanga kwenye kinu, ukachemsha, ukaengua mafuta yaliyojaa kiganja. Ukanipaka, mwili wote, kila siku, mpaka ngozi ikatulia. Watu waliokuja kuaga mtoto wakakuta mtoto anang'aa.

Ulinipeleka zahanati kuandikishwa. Mhudumu akauliza jina. Ukasema Alizeti. Akacheka akasema, "Bibi, nimeuliza jina la mtoto, sijauliza unampaka nini."

Ukamwambia, "Andika."

Sehemu hiyo ulikuwa unaisimulia umesimama, mkono kiunoni. Andika!

Sasa niambie Mgiriki gani alihusika hapo.

Hapo Ihumwa sikuwahi kuliona jina langu kama tatizo. Shule ya msingi tulikuwa na Mvula, wa siku ya mvua, na Nyemo, furaha ya kwao, na yule kaka aliyeitwa Relini kwa sababu ndiko alikozaliwa. Kila mtu aliitwa kwa kilichokuwepo siku hiyo, nani angemcheka nani? Ni nilipohamia kwa Shangazi, Nkuhungu, ili nisome shule ya Kiingereza, ndipo nilipofundishwa kwamba nina kasoro. Alikuwa anajaza fomu yangu ya kujiunga, kwenye meza ya kulia chakula. Akaiweka kalamu chini.

"Hivi wewe utaitwaje ofisini? Mheshimiwa Alizeti? Umewahi kusikia mtu anaitwa Mahindi? Kuna mkurugenzi anaitwa Maharage?"

Nikasema hapana, Shangazi.

"Basi. Unapenda Angel au Precious?"

Nilikuwa na miaka kumi na mitatu. Nyumba yake ina vigae na friji la milango miwili. Nikasema Angel. Hakunishika mkono, hakunipiga. Nilichagua mwenyewe, kama mtu anayechagua soda. Tangu siku hiyo nikawa Angel shuleni, Angel kanisani, na likizo nikirudi kwako narudi kuwa Alizeti, na sikukwambia. Sikukwambia, Bibi. Ndiyo maana ulikuja getini ukaulizia jina ambalo halipo.

Nimefika sasa. Acha niandike haraka.

Ilikuwa Jumatano, baada ya chakula cha mchana. Hukujua kwamba wageni wanaruhusiwa Jumapili moja tu kwa mwezi, nani angekwambia? Nilikuwa bombani naosha sahani pamoja na wenzangu, Lilian na Careen. Bomba liko karibu na geti. Nikasikia sauti yako. Ulimsalimia mlinzi "Mbukwenyi," naye akacheka akasema, "Mimi Mpare, Bibi, nisalimie kwa Kiswahili tu." Mzee Mbwambo si mtu mbaya. Alikwambia leo siyo siku ya wageni, lakini kwa umri wako atakuitia mtoto dakika tano. Akafungua daftari. Akatafuta kidato cha kwanza mpaka cha nne.

"Alizeti simwoni, Bibi. Labda umekosea shule. Hapa mjini shule ziko nyingi."

Ukasema, "Sijakosea. Hilo jina nimempa mwenyewe."

Ndipo akageuka akaita upande wetu, "Mabinti! Kuna Alizeti huko?"

Careen akajibu hapo hapo, "Alizeti tumeshaila, ilikuwa kwenye maharage!"

Wakacheka wote. Na mimi nikacheka. Sikucheka kwa sauti, lakini meno yangu yalitoka nje, niliyahisi yanapigwa na upepo. Nilikuwa nyuma ya Lilian, hukuniona. Mimi nilikuona. Nilikuona unageuka na kikapu chako, na zile ndala za bluu, kisigino chako cha kushoto kimepasuka kama kawaida. Ulitoka Ihumwa mpaka huku shuleni Kikuyu, magari mawili, na presha yako ile, ukarudi bila kuniona kwa sababu nilikuwa naogopa wasichana wawili wasijue naitwa nani.

Nilijiambia nitakueleza Pasaka, tutacheka. Ulifariki siku kumi na moja kabla ya likizo.

Na ndiyo maana nimekukasirikia na wewe. Kwa nini hukupiga kelele? Wewe unayeita mbuzi mpaka ng'ambo ya reli wanarudi! Kwa nini hukusema ana kovu kwenye kidevu, ana pengo la juu, mtoto wa dereva wa malori? Mzee Mbwambo angenijua mara moja. Ulitoa jina tu, ukaona linatosha. Ulikuwa na hakika nalo kuliko mimi ninayelibeba. Sijui kama nakukasirikia kweli au natafuta mtu wa kugawana naye.

Sasa habari mpya. Wiki mbili zilizopita mwalimu wa taaluma alileta orodha ya watahiniwa wa kidato cha pili. Kila mmoja anakwenda mezani kwake, anahakiki jina lake, anatia sahihi pembeni. Alitangaza mistarini, "Jina mtakalosaini ndilo litakaloandikwa kwenye vyeti vyenu. Msije baadaye mnanililia." Shangazi alikuwa ameshapeleka kiapo cha mwanasheria cha kubadili jina. Kwenye orodha nilikuwa namba kumi na nne, Angel, herufi kubwa.

Nilisimama kwenye foleni nikimwaza Mama Ndahani. Alizeti wetu mmemweka wapi.

Mwalimu akanipa kalamu. Nikaishika. Nikairudisha mezani.

"Nini, imeisha wino?"

"Hapana, mwalimu. Hili siyo jina langu."

Nilisema polepole mno, akaniambia rudia. Nikarudia. Nyuma yangu foleni ikanyamaza, maana watu hawajazoea kusikia sauti yangu.

"Wewe siyo Angel? Sasa nimekuita Angel mwaka na nusu, ulikuwa unaitikia nini?"

"Nilikuwa naitikia tu, mwalimu. Cheti cha kuzaliwa kinasema Alizeti. Naomba uandike Alizeti."

Careen alikuwa watu wawili nyuma yangu. Nilimsikia anavuta pumzi. Sikugeuka. Bibi, mikono nilikuwa nimeibana kwapani.

Mwalimu akampigia Shangazi. Akaja siku ileile, moja kwa moja kutoka kazini, kitambulisho bado kinaning'inia shingoni. Hakusubiri hata kukaa.

"Unanidhalilisha. Nakulisha, nakusomesha, unaniita muongo mbele ya walimu?"

"Sijakuita muongo, Shangazi."

"Hilo jina litakusumbua maisha yako yote. Unafikiri mimi sijui? Unajua mimi nilikuwa naitwa nani?"

Najua. Kila mtu Ihumwa anajua. Ulimwita Nzala, yaani njaa, kwa sababu alizaliwa mwaka wa njaa, na ulimwita hivyo mpaka siku ya mwisho, hata mbele ya wageni wake wa ofisini. Alisema shuleni walikuwa wanamwita hivyo wakati wa chakula, wanaficha sahani zao akipita. Alisema alibadilisha jina kwa mshahara wake wa kwanza. Alipokuwa anasema, uso wake ulikuwa wa msichana wa darasani kwetu, nikashangaa kwamba namwonea huruma katikati ya hasira yangu. Lake lilimuuma tangu mwanzo. Ulikosea, Bibi. Mtu haachwi na njaa shingoni miaka yote hiyo. Na hilo nakwambia kwa sababu hakuna mwingine atakayekwambia.

Lakini nikamwambia, na sijui maneno yalitoka wapi, "Shangazi, lako lilikuuma. Langu halikuniuma mpaka nilipofika kwako."

Mwalimu akajifanya anatafuta kitu kwenye droo. Kisha akasema kiapo peke yake hakitoshi, anahitaji kauli ya mzazi, basi akampigia Baba, ambaye alikuwa njiani na shehena, akaweka simu isikike. Baba akasikiliza yote. Akasema, "Mama yangu alishampa jina, mwalimu. Mimi ni nani wa kubatilisha? Na mtoto mwenyewe anasemaje?"

Mwalimu akanigeuzia simu. Nikasema, "Alizeti, Baba."

"Basi andikeni hivyo," akasema, na mtandao ukakata.

Shangazi aliondoka bila kuniaga. Mlangoni alisimama akasema, bila kunitazama, "Ungezaliwa mwaka wangu ungeelewa." Kama bado ana hasira na mimi ama nitasamehewa, sijui. Na mimi pia bado sijamsamehe kuhusu ile karatasi ya msiba. Nitamwomba aichape upya. Atakataa. Nitamwomba tena.

Darasani wameshanipa jina jipya. Mashudu. Unajua, yale makapi yanayobaki baada ya kukamua, ya kulishia nguruwe. Careen ndiye aliyeanzisha. "Mashudu, pisha nipite!" Mara ya kwanza nilikwenda kulia chooni. Mara ya pili nikamwambia mashudu yanatoka mwisho, yeye ameanzia mwisho kwa sababu hajui kukamua. Lilian alicheka, na safari hii hakunicheka mimi. Insha ya Angel nimeibandua. Nilichana kidogo pembeni kwa sababu ya gundi.

Kulibaki geti.

Hilo nililiogopa kuliko mwalimu, kuliko Shangazi. Nilipita mbele ya kibanda cha Mzee Mbwambo siku tano nikijifanya naokota kitu. Ijumaa nikasimama.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, Angel."

"Babu, kuna bibi alikuja hapa kabla ya Pasaka. Na kikapu. Akamuulizia Alizeti."

Akafikiri. "Yule Mgogo wa mbukwenyi? Namkumbuka."

"Ni mimi. Mimi ndiye Alizeti."

Mzee Mbwambo aligeuka akatazama bombani. Alikumbuka bomba, nadhani, na alikumbuka nani alikuwa amesimama pale. "Mbona hukusema, mwanangu?"

Nikamwambia umefariki. Akavua kofia. Kisha akaingia kibandani, nikasikia anasogeza madumu na mafagio, akatoka na chupa ndogo ya maji, iliyofungwa kipande cha kanga, imejaa mafuta mazito ya rangi ya asali. Nilijua kabla hajafungua. Harufu ilipita kwenye kitambaa.

"Aliniachia. Nikamwambia huyo mtoto hayupo hapa, akasema yupo. Akasema akitokea, mpe, mwambie apake, asipikie, upepo wa huku unapasua ngozi."

Akitokea. Ulijua, Bibi? Uliniona nyuma ya Lilian? Nimejiuliza tangu Ijumaa na sipati. Kama hukuniona, uliniamini. Kama uliniona, uliniachia hata hivyo. Yote mawili yananiuma sawasawa.

Nimepaka. Nimepaka mikono, shingo, na visigino, ambavyo vimeanza kupasuka kama vyako. Bwenini wamelalamika nanuka kama kiwanda cha mafuta. Walalamike.

Baba anasema ile ekari yako ya mwisho imeinamisha vichwa, haina mtu. Likizo ya mwezi wa sita nakuja. Nitavuna mimi na Mama Ndahani, nitapukuchua, nitakamua, na chupa ya kwanza nitampelekea Mzee Mbwambo getini. Ya pili nitampelekea Shangazi. Nitamwita Grace, siyo lile lingine, na nitamwambia apake.

Na hili nakuahidi: mtu yeyote, siku yoyote, geti lolote, akimuulizia Alizeti, nitakuwa wa kwanza kusema niko hapa. Hata kama mikono yangu ina sabuni ya vyombo. Hata kama wote wanacheka.

Lala, Bibi. Hukukosea shule.

Mjukuu wako,
Alizeti